Besiboli inauza sauti, soka linangoja nini?

Saa nane za usiku kwa saa za Dar es Salaam, vijiwe vimeshafungwa na bodaboda wa mwisho anarudi kwake, ndipo mechi nyingi za besiboli zinapoanza New York. Huko ni saa moja jioni. Kuna jamaa yuko barabarani na lori, kuna mwingine anaosha vyombo mgahawani, kuna muuguzi anaingia zamu ya usiku. Hakuna hata mmoja aliye mbele ya televisheni, lakini wote wanafuata mechi. Simu ipo mfukoni, kisikilizio kimoja kipo sikioni, na mtangazaji anawaambia mrushaji ameangalia wapi kabla hajaachia mpira.

Programu ya simu inayofanya kazi hiyo ni ya ligi yenyewe, MLB. Ilianza mwaka 2008, Apple walipofungua duka lao la programu za iPhone, na wakati huo iliitwa At Bat. Mwanzoni ilikuwa ya matokeo na vipande vya video. Mwaka uliofuata ikabeba sauti ya mechi mbashara, na hapo ndipo ilipowashika watu. Leo kifurushi cha sauti peke yake kinauzwa kwa bei ndogo. Kwa hela hiyo shabiki anapata mechi zote, na zote maana yake ni zote: timu 30, kila moja michezo 162, jumla michezo 2,430 kwa msimu kabla hata ya mtoano.

Na si sauti moja kwa mechi. Shabiki anachagua mtangazaji wa timu ya nyumbani au wa wageni, na kwa timu kadhaa kuna wa Kihispania pia. Mshabiki wa Yankees anayeishi Boston halazimiki kumvumilia mtangazaji wa Red Sox akishangilia masikioni mwake. Ni kama dabi ya Kariakoo ingekuwa na watangazaji wawili, mmoja wa Msimbazi na mwingine wa Jangwani, halafu kila mtu achague nani ampandishe presha. Utani huo Bongo ungeuzika kuliko jezi.

Kwenye video mambo si matamu hivyo. Anayelipia picha za MLB kwenye intaneti hufungiwa mechi za timu zinazohesabiwa kuwa za eneo lake, kwa sababu haki za eneo hilo zimeshauzwa kwa televisheni ya hapo. Mfano unaochekesha, japo wenyewe hawacheki, ni jimbo la Iowa. Iowa haina timu ya ligi kuu hata moja, lakini kwa miaka mingi watu wake wamehesabiwa kuwa eneo la nyumbani la timu sita: Cubs na White Sox za Chicago, Twins, Brewers, Royals na Cardinals. Mkulima wa mahindi amelipa pesa yake halali, usiku unaingia, timu sita kati ya 30 hazioni. Akibonyeza alama ya sauti, zote zipo. Sauti haifungiwi.

Shabiki wa soka anayefuata England hiyo ataielewa haraka. Kule Jumamosi, kuanzia saa 8:45 mchana hadi saa 11:15 jioni, televisheni za Uingereza haziruhusiwi kuonyesha mechi mbashara, ili watu waende viwanjani. Redio inaruhusiwa. Mwingereza anayetaka mechi ya saa tisa alasiri anawasha BBC Radio 5 Live anasikiliza, na viwanja vinajaa vilevile. Hakuna kiongozi wa klabu anayelia kwamba sauti imemlia tiketi zake.

Wapo waliolia zamani. Agosti 5, 1921, Harold Arlin wa kituo cha KDKA cha Pittsburgh alitangaza mechi ya kwanza ya ligi kuu ya besiboli redioni, Pirates wakiifunga Phillies 8-5. Wenye timu wengi hawakufurahi. Waliona ni kugawa bure kitu kinacholipiwa mlangoni. Klabu tatu za New York, yaani Yankees, Giants na Dodgers, zilifika mahali zikakubaliana kuzima redio kabisa, kuanzia 1934 hadi 1938. Mji mkubwa kuliko yote Marekani ukakaa bila kusikia mechi zake wakati miji midogo inasikiliza. Aliyevunja mwiko ni Larry MacPhail wa Dodgers. Mwaka 1939 alimleta mtangazaji Red Barber, na wenzake wawili wakafuata haraka kwa sababu hawakutaka Brooklyn iwapokonye mashabiki.

Dodgers hao hao walipohamia Los Angeles mwaka 1958 ndiyo walioumaliza ubishi. Walianza kwa kucheza Coliseum, uwanja uliojengwa kwa riadha na mpira wa Kimarekani, ambako aliyekaa mbali alikuwa kama anaangalia sisimizi. Watu wakaja na redio ndogo za transista. Walilipa tiketi, wakaketi, wakamwangalia mchezaji kwa macho na kumsikiliza Vin Scully kwa masikio ili wajue walichokiona. Siku moja mwaka 1960 Scully aliwaambia wasikilizaji kwamba mwamuzi Frank Secory anatimiza mwaka wake siku hiyo, akahesabu moja mbili tatu, na uwanja mzima ukampigia mwamuzi kelele ya heri ya kuzaliwa. Mwamuzi akashangaa wamejuaje. Redio ilikuwa ndani ya uwanja, na waliokuwa nayo ndio hao hao waliolipa mlangoni.

Scully aliitangaza Dodgers kwa misimu 67, hadi 2016. Pembeni yake, kwa Kihispania, alikuwepo Jaime Jarrín, mtu wa Ecuador aliyefika Marekani mwaka 1955 akiwa haijui besiboli. Alianza kuitangaza timu hiyo mwaka 1959 akastaafu 2022. Mwaka 1981 kijana wa Mexico, Fernando Valenzuela, alipoanza kuwatesa wapigaji, sauti ya Jarrín ndiyo iliyowaleta Walatino wa Los Angeles kwenye timu ambayo wengi wao hawakuijali. Lugha ya nyumbani ilifanya kazi ambayo matangazo ya barabarani hayakuiweza.

Hapa mdau wa soka atanyoosha mkono. Besiboli ni mchezo wa kusimamasimama, mtangazaji ana muda wa kupiga stori kati ya mpira mmoja na mwingine. Soka linakimbia, nani atalisimulia? Hoja hiyo ina nusu ya ukweli. Utulivu wa besiboli uliwahi hata kumwokoa mtu: Ronald Reagan, kabla ya filamu na kabla ya urais, alikuwa akitangaza mechi za Cubs kutoka studio ya redio WHO kule Iowa, akisoma taarifa za simu ya upepo na kuzigeuza mchezo. Siku moja laini ikakatika. Mwenyewe alisimulia kwamba ilibidi ambuni mpigaji anayegusa mipira ikitoka nje, mmoja baada ya mwingine, kwa zaidi ya dakika sita mpaka laini iliporudi. Kwenye soka angeumbuka dakika ya kwanza.

Lakini nusu ya pili ya ukweli iko hapa hapa nyumbani. Kabla televisheni haijafika sebuleni kwa watu, mashabiki wa Simba na Yanga wa Kigoma, Songea na Bukoba waliipata ligi kwa sikio, kupitia Redio Tanzania Dar es Salaam. Waliwajua wachezaji ambao hawajawahi kuwaona sura. Ahmed Jongo na Charles Hilary walikuwa mastaa kama waliokuwa uwanjani. Kenya walikuwa na Leonard Mambo Mbotela. Timu ilishambulia kutoka kushoto kwenda kulia mwa redio yako, na msikilizaji aliyekaa chini ya mwembe alijua mpira uko wapi. Kwa hiyo soka linasimulika. Linataka mtu anayejua kusimulia, na mtu huyo lazima afundishwe na alipwe.

Ndiyo maana kilichotokea Toronto mwaka 2021 ni cha kuangaliwa kwa makini na yeyote anayedhani mtangazaji wa redio ni gharama ya bure. Wenye haki za Blue Jays waliamua kubana matumizi. Wakaondoa matangazo ya redio ya timu hiyo, wakachukua sauti ya televisheni wakaitupa redioni kama ilivyo. Mtangazaji wa televisheni hamwambii mtu mpira umekwenda wapi, maana mtazamaji anaona. Ananyamaza picha zinapojieleza. Anasema "tazama hiyo", na aliyepo kwenye gari anatazama usukani. Msimu uliofuata redio ikarudishiwa mtangazaji wake.

Wapo wanaoweza kuruka kwenda upande wa pili, wakasema basi kila kitu kihamie kwenye simu. Oakland walijaribu. Mapema mwaka 2020 klabu ya A's ilitangaza kwamba eneo lake la nyumbani halitakuwa tena na kituo cha kawaida cha redio. Anayetaka mechi aifuate kwenye intaneti. Kwenye karatasi ilionekana mambo ya kisasa. Mtaani, mzee mwenye redio yake ya miaka yote jikoni aliambiwa kimsingi kwamba si shabiki tena. Malalamiko yakawa mengi, na mwaka huo huo klabu ikarudi kwenye masafa ya AM.

Hapo pande zote mbili za jambo zinaonekana. Simu inamfikia shabiki aliyeko mbali, redio ya bure inamlinda aliyeko karibu asiye na bando. Anayefuta moja ili kuikuza nyingine anapoteza watu. MLB imefika hapa ilipo kwa sababu vituo vya redio vya miji vinaendelea kutangaza hewani bure, na sauti ile ile inapakiwa kwenye programu kwa ajili ya wa mbali. Hakuna kazi mpya ya ajabu hapo. Mtangazaji ni yule yule, kipaza sauti ni kile kile.

Kwa soka la Afrika Mashariki hesabu ni rahisi kuliko ya Marekani. Sauti inayosafiri kwa kilobiti 64 kwa sekunde inakula chini ya megabaiti 30 kwa saa. Mechi nzima pamoja na mapumziko na dakika za majeruhi haifiki megabaiti 70. Video ya kawaida ya megabiti 3 kwa sekunde inakula zaidi ya gigabaiti moja kwa saa moja tu. Mwenye bando la buku anaweza kusikiliza mechi na likabaki la kutuma utani kwenye makundi ya WhatsApp. Kwa video, kipindi cha kwanza hakiishi.

Na wateja wapo. Kuna Mtanzania anayeendesha lori Marekani, kuna mlinzi wa Kikenya Doha, kuna dada wa kazi Muscat ambaye Ijumaa yake haiangukii siku ya mechi. Hawa hawakai mbele ya skrini dakika 90. Wana sikio, na wana Kiswahili. TBC Taifa hutangaza ligi kwa redio na mashabiki ndani ya uwanja bado wanaonekana na redio sikioni, kwa hiyo ufundi na mazoea havijafa. Kinachokosekana ni mtu wa kuandika kwenye mikataba kwamba sauti ya kwenye simu ni haki yake peke yake, yenye bei yake ndogo na mgawo wake kwa klabu, isichanganywe na video wala isizikwe ndani ya furushi la televisheni mpaka isahaulike. Klabu zinazokimbilia kutengeneza programu za kuuza jezi na kadi za uanachama zingeanza na hili. Jezi inanunuliwa mara moja kwa msimu, mechi inachezwa kila wiki.

Wala si lazima kusubiri ligi yote. Klabu mbili kubwa za Kariakoo zingeajiri kila moja mtangazaji wake na mchezaji wake mstaafu wa kukaa naye, wakatangaza mechi za timu yao tu, nyumbani na ugenini, wakaegemea upande wao bila aibu. Watu wangeingia hata kusikiliza upande wa pili, hasa ukifungwa.

Tatizo moja Wamarekani wenyewe hawajalimaliza nalo ni ucheleweshaji. Sauti ya intaneti hufika nyuma ya tukio, mara nyingine kwa nusu dakika au zaidi, wakati redio ya AM inafika papo hapo. Aliyeko jukwaani na simu anaona mpira umeshadakwa ndipo sikio linamwambia umepigwa. Kwenye besiboli hilo linavumilika, matukio yanakuja kwa zamu. Kwenye soka linauma. Kelele za bao zinatoka nyumba ya jirani mwenye redio, na mwenye simu bado anaambiwa kona inapigwa. Mafundi wana kazi ya kupunguza sekunde hizo, na mpaka watakapoweza, anayekwenda Uwanja wa Mkapa aendelee kubeba redio yake ya betri mbili.