Mtende wa sebuleni hausafishi hewa ya mtoto

1/6
Leo nimekereka, mnivumilie.

Wiki hii kliniki amekuja mama mdogo, mtoto wa miezi mitano, kikohozi hakiishi. Nikamuuliza kuhusu moshi. Akanijibu kwa kujiamini kabisa: "Nesi, ndani kwangu hewa ni safi, nina ule mtende." Ule wa mapambo, wenye majani yaliyotandazika kama kipepeo cha kupepelea mkaa. Ameuziwa kwa maneno kwamba unanyonya hewa chafu. Na jiko la mkaa? Liko ndani, maana mvua haikatiki. Lipo hatua tatu kutoka kwenye mtende.

2/6
Najua mtaniambia, "Lakini nesi, hata NASA walisema!" Ni kweli walifanya utafiti, mwaka 1989. Ila mimea waliifungia kwenye visanduku visivyopitisha hewa, wakapima kemikali kama benzini. Nyumba yako ina mlango, madirisha na watoto wanaoingia na kutoka. Mwaka 2019 watafiti wa Marekani walikusanya tafiti nyingi za aina hiyo wakapiga hesabu: ili mimea ifanye kazi inayofanywa na hewa inayopita tu ndani ya jengo, ungehitaji kati ya mimea 10 na 1,000 kwa kila mita moja ya mraba. Sasa hapo mtoto atalala wapi?

Dirisha lililo wazi linaushinda mtende wako, na ni la bure.

3/6
Moshi wa kuni una chembe ndogo mno zinazoshuka hadi ndani ya mapafu. Shirika la Afya Duniani linasema moshi wa majumbani karibu unazidisha mara mbili hatari ya nimonia kwa mtoto mdogo. Mkaa nao msiuamini kwa kuwa hauonekani kutoa moshi. Unatoa kaboni monoksidi, haina rangi wala harufu, na inaua watu usingizini. Hakuna jani litakalokuokoa hapo.

Kwa hiyo: jiko likae barazani, chini ya paa, hata mvua ikinyesha. Usipike huku mtoto yuko mgongoni. Na jiko la mkaa lisilale chumbani, hata kuwe na baridi kiasi gani.

4/6
Sasa tuje kwenye kisahani chini ya chungu. Hapa ndipo hasira zangu zinapanda zaidi. Kyela hii ni ya mvua na unyevu wa ziwa, lakini mtu anamwagilia kila asubuhi kama yuko Dodoma! Maji yanajaa kisahanini, na wiki moja hivi inatosha yai kuwa mbu.

Mbu wa malaria anapenda zaidi madimbwi na majaruba yetu ya mpunga. Anayependa kisahani ni yule mweusi mwenye madoa meupe, anayeuma mchana, mbeba homa ya dengue, wazee wanaiita kidingapopo. Dar es Salaam waliipata vibaya mwaka 2019, na mabasi ya Dar yanafika hapa kila siku.

5/6
Mtoto akipata homa, usiseme "ni malaria tu" ukaenda kununua dawa dukani. Mlete apimwe. Malaria isipoonekana, tutafute kingine. Wakati huo usimpe aspirini, diklofenaki wala ibuprofeni, maana kama ni dengue zinaweza kuongeza kutokwa damu. Parasetamoli kwa kipimo cha uzito wake inatosha. Akikataa kunyonya, akitapika mfululizo, akilegea au akitoka damu puani au kwenye fizi, usingoje asubuhi. Na chandarua ni hata usingizi wa mchana.

6/6
Sijasema mtupe mitende. Nyumba nzuri inampa mama raha, na raha ya mama ni afya pia. Utunze hivi: chungu kiwe na tundu chini, kikae karibu na dirisha pasipo jua kali. Chomeka kidole kwenye udongo. Ukiwa na unyevu, acha. Kisahani kijaze mchanga, au kimwage na kukisugua kila wiki, kwa sababu mayai ya mbu hunata pembeni na hayafi hata pakikauka. Angalia mashina ya majani, mingine ina miiba na mtoto anatambaa. Na uliza vizuri unachonunua: kuna saikadi, inafanana na mtende mfupi, mbegu na majani yake ni sumu kali kwa mtoto. Hiyo isiingie ndani kabisa.

Anayekuuzia ua akuuzie ua. Akianza kukuuzia mapafu ya mwanao, muulize jiko la kwao liko wapi.

Mtumie jirani yako anayepikia ndani.