Bayathloni Beijing 2022: Medali 33 Zaishia kwa Timu Saba

Mashindano ya bayathloni katika Michezo ya Olimpiki ya Majira ya Baridi ya Beijing yamehitimishwa Februari 18, 2022 mjini Zhangjiakou, kaskazini mwa China, huku Norway ikiongoza kwa medali 14, zikiwemo 6 za dhahabu. Ufaransa imeshika nafasi ya pili kwa medali 7, kati ya hizo 3 zikiwa za dhahabu. Sweden na Ujerumani zimepata dhahabu moja kila moja.

Kwa ujumla, medali 33 zilishindaniwa katika matukio 11, na zote zimechukuliwa na timu saba: Norway, Ufaransa, Sweden, Kamati ya Olimpiki ya Urusi, Ujerumani, Italia na Belarus. Norway na Ufaransa pekee zimeondoka na medali 21, sawa na karibu theluthi mbili. China, iliyokuwa mwenyeji, haikupata hata moja katika mchezo huu. Mgawanyo huo unaibua swali kuhusu kinachohitajika ili taifa lipande jukwaani.

Jibu linaanzia katika sheria za mchezo wenyewe. Bayathloni huunganisha mbio za skii juu ya theluji na kulenga shabaha kwa bunduki ambayo mchezaji huibeba mgongoni. Mchezaji hufika kwenye uwanja wa shabaha akiwa anahema, kisha hutakiwa kupiga shabaha tano zilizo umbali wa mita 50. Anapolala kifudifudi, shabaha huwa na kipenyo cha milimita 45. Anaposimama, milimita 115. Katika mbio nyingi, kila shabaha inayokosewa humgharimu mzunguko wa adhabu wa mita 150. Katika mbio ndefu za mtu mmoja mmoja, kilomita 20 kwa wanaume na 15 kwa wanawake, kila kosa huongeza dakika nzima kwenye muda wake.

Kwa sababu hiyo, kasi peke yake haitoshi. Ushahidi ulionekana katika mbio za wanaume za kupokezana. Mchezaji wa mwisho wa timu ya Urusi, Eduard Latypov, alifika kwenye zamu ya mwisho ya kulenga shabaha akiwa anaongoza. Alikosea, akalazimika kwenda kwenye mizunguko ya adhabu, na dhahabu ikaenda Norway, fedha Ufaransa. Urusi, ambayo wanamichezo wake walishiriki bila bendera ya nchi yao kutokana na adhabu ya kesi za dawa zilizopigwa marufuku michezoni, ikabaki na shaba.

Mara nyingine tofauti ilikuwa ndogo mno. Februari 5, katika mbio za mchanganyiko za kupokezana zilizofungua mashindano, Norway iliishinda Ufaransa kwa sekunde 0.9 tu, na Urusi ikafika sekunde 1.5 nyuma ya mshindi.

Kwa upande wa wachezaji, Johannes Thingnes Bø wa Norway amepata dhahabu 4 na shaba 1. Quentin Fillon Maillet wa Ufaransa amepata medali 5, zikiwemo dhahabu 2. Katika mbio za kufukuzana alipiga shabaha zote 20 bila kukosea. Kwa wanawake, Marte Olsbu Røiseland wa Norway amejipatia dhahabu 3 na shaba 2.

Mfano wa Denise Herrmann wa Ujerumani unafafanua zaidi. Herrmann alikuwa mchezaji wa skii za masafa marefu, na alipata shaba ya Olimpiki katika mchezo huo mwaka 2014. Alihamia bayathloni mwaka 2016, akiwa na kasi lakini bila uzoefu wa ushindani wa bunduki. Imemchukua takribani miaka sita kufikia dhahabu ya mbio ndefu za mtu mmoja mmoja, ambako alikosa shabaha moja tu kati ya 20. Ikiwa bingwa wa skii amehitaji muda huo, taifa linaloanza mwanzo linahitaji zaidi.

Hilo linasaidia kuelewa matokeo ya China. Mwenyeji alijenga uwanja wa kisasa na kuwaajiri makocha wawili wenye majina makubwa katika historia ya mchezo huu, Ole Einar Bjørndalen wa Norway na Darya Domracheva wa Belarus, walioanza kazi mwaka 2019. China ilipata dhahabu 9 katika michezo mingine ya Beijing, lakini miaka mitatu haikutosha kuzaa medali ya bayathloni.

Norway, iliyokuwa na watu takribani milioni 5.4 mwaka 2022, imepita njia ndefu zaidi. Mwaka 1988, katika michezo ya Calgary, nchi hiyo haikupata dhahabu hata moja. Baada ya hapo iliunda Olympiatoppen, taasisi inayoratibu maandalizi ya wanamichezo wa ngazi ya juu na kuwezesha michezo tofauti kubadilishana ujuzi. Wakati huohuo, kanuni za michezo ya watoto nchini humo haziruhusu kuwapanga kwa matokeo watoto walio chini ya miaka 11. Lengo ni watoto wengi waupende mchezo na wabaki katika vilabu vya mitaani, ambako mabingwa wa baadaye hupatikana. Katika Beijing 2022, Norway imevuna dhahabu 16 katika michezo yote, idadi ambayo hakuna taifa lililoifikia kabla yake katika Olimpiki ya majira ya baridi.

Kwa shirikisho la kimataifa la mchezo huu, jedwali la Zhangjiakou ni fahari na changamoto kwa pamoja. Ushindani wa juu umekuwa mkali, lakini unabaki mikononi mwa wachache. Mashindano ya Olimpiki yaliyofuata yalipangwa kufanyika Italia mwaka 2026, na bayathloni kuchezwa Antholz. Kwa mataifa yaliyotaka kuvunja ukiritimba huo, miaka minne ilikuwa michache. Mchezaji ambaye angesimama jukwaani mwaka huo, kwa sehemu kubwa, tayari alikuwa mazoezini.