Gemu Mmechanga Wawili, Akaunti ni ya Nani?

Leo umbea wa mastaa tuuweke pembeni kidogo, maana kuna ugomvi naona unazidi kukua mitaani na hakuna anayeuongelea: ugomvi wa gemu za kushea. Sizungumzii gemu za CD. Hizo mkigombana unachukua CD yako, unasepa. Nazungumzia gemu za kushusha kwa intaneti, zile unazonunua kwenye duka la PlayStation au la Xbox na zinakaa ndani ya akaunti.

Kuna washkaji wawili, majina nayaacha, wanakaa mtaa mmoja na kila mmoja ana PS4 yake. Walichanga nusu kwa nusu, wakanunua gemu ya mpira kwenye akaunti ya mmoja wao. Wakacheza miezi kadhaa kwa amani, kila mtu kwao. Baadaye wakagombana, na ugomvi wenyewe wala haukuwa wa gemu, ulikuwa wa demu. Mwenye akaunti akabadilisha neno la siri, akaingia kwenye tovuti na kuiondoa PS ya mwenzake. Yule mwenzake alipounganisha intaneti, akakuta gemu imewekewa alama ya kufuli. Nusu ya hela yake imo mle ndani, lakini hana CD, hana risiti, na hana pa kwenda kushtaki.

Kila anayesikia hii stori anamlaumu mwenye akaunti. Kweli kakosea, kala hela ya mtu. Lakini mimi naona kosa lilianza siku ile ile ya kuchanga. Wale jamaa walidhani wamenunua kitu kimoja kwa pamoja, kumbe mmoja alinunua na mwingine aliazimwa. Kwenye gemu za akaunti hakuna nusu. Aliyeshika akaunti ndiye mwenye gemu, wengine wote ni wageni, hata kama wametoa hela nyingi kuliko yeye.

Tuelewane kwanza jinsi inavyofanya kazi, maana wengi wanashea bila kujua wanashea nini. PlayStation inakuruhusu kuchagua PS4 moja na PS5 moja ziwe mashine kuu za akaunti yako. Kwenye mashine kuu, mtu yeyote mwenye akaunti yake humo ndani anaweza kucheza gemu ulizonunua wewe, hata intaneti ikiwa haipo. Wewe mwenyewe ukienda kwenye mashine nyingine unaingia na akaunti yako na unacheza pia, ila huko lazima intaneti iwepo ili duka lihakikishe kuwa ni wewe. Ndo maana watu wawili kwenye nyumba mbili wanaweza kucheza gemu iliyonunuliwa mara moja, tena kwa wakati mmoja. Xbox nao wana kitu kama hicho, wanaita Xbox ya nyumbani, na unaruhusiwa kuibadilisha mara 5 tu kwa mwaka.

Sasa angalia nani anabeba nini. Mwenye akaunti ana neno la siri, ana barua pepe, ana historia ya manunuzi. Aliyechanga ana ruhusa tu, na ruhusa inafutwa na mtu akiwa kitandani na simu yake. Kinachobaki kwa mgeni ni maendeleo ya mchezo aliyohifadhi kwenye akaunti yake na vikombe alivyoshinda. Yaani mtu ana vikombe vya gemu ambayo hawezi tena kuifungua.

Na msidhani huu mlango wa kushea walitoboa wahuni. Makampuni yenyewe ndo yaliuweka, kwa ajili ya familia. Tena lilishakuwa vita kubwa. Mwaka 2013 Microsoft walipoitangaza Xbox One walisema mashine itakuwa lazima iunganishwe na intaneti mara moja kila saa 24, na CD za mtumba zitawekewa masharti. Watu duniani wakachachamaa. Sony wakaachia video fupi ya kuwachokoza, jamaa mmoja anampa mwenzake CD mkononi, basi, hayo ndo maelekezo yao ya kushea gemu. Tarehe 19 Juni mwaka huo Microsoft wakarudi nyuma. Ila kuna kitu wengi wamekisahau: kwenye mpango ule ule uliokataliwa kulikuwa na ahadi ya kushea gemu zako na watu 10 wa familia. Ikaondoka na hiyo pia. Tangu hapo kila mtu amebaki kushea kwa ujanja wake.

Ujanja wenyewe sasa umegeuka biashara, na hapa ndo panaponiuma. Kuna jamaa mmoja anajulikana sana kwenye mambo ya gemu, ukurasa wake una wafuasi kibao, kila siku anaposti gemu mpya kwa bei ya kutupa. Gemu kubwa ikitoka inauzwa mpaka dola 70 kwenye duka la Marekani, hela yetu ni zaidi ya laki moja na nusu. Yeye anakupa kwa robo ya hiyo. Unapewa barua pepe na neno la siri, unashusha, unacheza, unamsifia. Kumbe nafasi ya mashine kuu kampa mtu mmoja, nafasi ya kuingia kwa intaneti kamuuzia mwingine, na kesho akipata mteja wa tatu mmoja wenu anasukumwa nje. Ukimpigia anakwambia "subiri nirekebishe." Wiki ya pili simu haipokelewi.

Wengine watasema muacheni, anasaidia wasio na uwezo. Mimi nakataa. Mtu anayesaidia hamuuzii mtu wa pili kiti ambacho cha kwanza kimekaliwa. Halafu masharti ya PlayStation yanakataza kuuza akaunti au kumhamishia mtu mwingine. Wakiifunga akaunti, inafungwa na kila kitu kilichomo, na wewe mnunuzi huwezi hata kulalamika kwa sababu kwenye vitabu vyao haupo.

Najua mtaniuliza, "sasa tufanyeje na bei hizi?" Swali la haki kabisa. Wengi wetu hapa tunatumia akaunti za Marekani au za nchi nyingine, tunanunua kadi za zawadi kwa watu, na juu ya bei ya gemu unaongeza faida ya muuzaji wa kadi. Ukimaliza hapo kuna bando. Kuna gemu zinakaribia GB 100, hizo sio za kushusha kwa bando la siku. Kwa hiyo mimi simwambii mtu asishee. Dogo na kaka yake ndani ya nyumba moja kununua gemu moja mara mbili ni kujitia hasara tu, na mlango wa mashine kuu uliwekwa kwa ajili ya watu kama hao.

Ninachosema ni hiki: ukitaka kushea na mtu wa nje, mshee kwa kubadilishana, msichange kwenye akaunti moja. Akaunti yako iwe kuu kwenye PS yake, na akaunti yake iwe kuu kwenye PS yako. Mwezi huu unanunua wewe kwenye akaunti yako, mwezi ujao ananunua yeye kwenye ya kwake. Kila gemu ina mwenyewe, na kila mmoja ana kitu cha mwenzake. Siku mkikorofishana kila mtu anaondoka na alichonunua kwa hela yake. Hapo hakuna aliyelizwa.

Ina gharama yake, nawaambia kabisa. Ukifanya hivyo, gemu zako mwenyewe ndizo zitakazohitaji intaneti kwenye PS yako, na gemu za mwenzako ndizo zitacheza bila intaneti. Bando likikata, cha kwako kinafungwa, cha jirani kinafunguka. Inachekesha lakini ndo ilivyo. Kwa hiyo hakikisheni mnakubaliana kabla, kwa mdomo au hata kwa meseji: nani kanunua nini, na mkiachana inakuwaje. Waswahili tunaona aibu kuongea mambo ya hela na rafiki. Aibu hiyo hiyo ndo inakuja kutugombanisha.

Mengine ni ya akili ya kawaida. Usiache kadi ya benki kwenye akaunti ambayo mtu mwingine ana neno lake la siri. Washa ile njia ya kutumiwa namba kwenye simu kabla ya kuingia. Na usishee zaidi ya mtu mmoja, kwa sababu hata ukitaka kujitoa haraka, kuondoa mashine zote kwa mpigo kupitia tovuti kunaruhusiwa mara moja tu kila miezi 6. Kipimo changu ni rahisi: shea na mtu ambaye unaweza kwenda kugonga mlango kwao na mama yake anakujua kwa jina. Mtu unayemjua kwa picha ya ukurasa tu, huyo hujashea naye, umempa hela.

Na makampuni nayo yasijifiche nyuma ya masharti marefu ambayo hakuna anayeyasoma. Nintendo mwaka 2025 walionyesha inawezekana. Waliweka kadi za gemu za kidijitali ambapo unamuazima mtu wa kundi lako la familia kwa wiki 2, wewe huwezi kuicheza akiwa nayo, na muda ukiisha inarudi yenyewe. Ni kama CD kabisa! Kila mtu anajua nani mwenye mali na nani kaazima, hakuna haja ya kupeana neno la siri. Sony na Microsoft wangeweka kitu kama hicho, nusu ya ugomvi wa mitaani ungekwisha na wale wauza akaunti wangetafuta kazi nyingine.

Mpaka siku hiyo ifike, ukiombwa kuchanga hela ya gemu, uliza swali moja tu kabla hujatuma muamala: inaingia kwenye akaunti ya nani? Kama sio yako, hesabu hiyo hela kama umempa rafiki zawadi. Ukiona roho inakuuma kumpa zawadi ya kiasi hicho, basi usichange.

Haya, wale mliowahi kulizwa na wale mnaoshea miaka bila kugombana, tiririkeni hapo chini. Nataka hasa nisikie kutoka kwa wenye akaunti: ukigombana na mwenzako aliyechanga nusu, unamrudishia hela yake au unamuachia gemu aendelee kucheza?