Dawa ya bei chee hulipiwa mara mbili

Mzazi anayenunua vidonge vya kufungiwa kwenye karatasi mnadani hana nia mbaya. Zahanati imemwambia dawa zimekwisha, mtoto anachemka homa, na mfukoni hamna kitu. Anarudi nyumbani Sigino akiamini ameokoa fedha.

Anayefaidika ni mfanyabiashara wa magendo. Mwaka 2017 Shirika la Afya Duniani (WHO) lilikadiria kuwa katika nchi za kipato cha chini na cha kati, bidhaa moja ya tiba kati ya kumi ni duni au bandia, na kwamba nchi hizo hutumia takriban dola bilioni 30.5 kwa mwaka kuzinunua. Tanzania haikusalimika. Mwaka 2009 dawa bandia ya malaria, Metakelfin, ilikutwa kwenye maduka ya dawa nchini. Mwaka 2012 dawa bandia za kufubaza VVU zilibainika katika Hospitali ya Wilaya ya Tarime.

Kidonge bandia kinaweza kuwa hakina dawa kabisa, au kina kidogo tu. Kisicho na dawa humwacha mgonjwa azidiwe. Chenye dawa kidogo huua vimelea dhaifu na kuacha vilivyo sugu. Hapo mzazi hulipa tena: nauli ya kwenda hospitali Babati mjini, sindano, siku za kazi zilizopotea. Na usugu huo haubaki kwake. Huhamia kwa mtoto wa jirani.

Kwa hiyo, nunua kwenye famasi au duka la dawa muhimu lenye kibali. Tazama dawa ikitolewa kwenye pakiti yake, soma tarehe ya kuisha muda, na udai risiti. Dawa ikikutilia shaka, au mtoto asipopata nafuu, rudi kituoni na pakiti hiyo. Namba ya toleo iliyoandikwa juu yake ndiyo inayoiwezesha Mamlaka ya Dawa na Vifaa Tiba (TMDA) kufuatilia na kuondoa shehena nzima sokoni.

Hata hivyo, tusimtwike mzazi mzigo wote. Sera inasema mtoto wa chini ya miaka mitano atibiwe bure katika vituo vya serikali, lakini matibabu ya bure bila dawa ni cheti tu. Misako ya wauza magendo ni ya lazima, ila haitawamaliza maadamu rafu za zahanati ni tupu. Zikijazwa, mteja wao wa kwanza atakuwa ameondoka.