Kinga Iliyoshindwa Kuruka

Katika miteremko ya Kirua Vunjo, kila apandishaye majani ya ng'ombe kutoka nyanda za chini anajua kwamba mzigo hupimwa kwa mlima, si kwa mizani peke yake. Hesabu hiyo ndiyo iliyoishinda ndoto moja kubwa ya karne iliyopita: ndege ya kuendeshwa kwa nguvu za nyuklia. Naamini kisa chake kinatuhusu sisi tunaotibu na tunaotibiwa kwa mionzi.

Marekani ilianza kazi hiyo mwaka 1946. Wazo lilivutia: kinu kidogo cha nyuklia kingeipa ndege joto la kuizungusha injini yake, nayo ingekaa angani siku nyingi bila kujazwa mafuta. Kati ya mwaka 1955 na 1957, ndege iliyoitwa NB-36H iliruka mara 47 ikiwa na kinu ndani yake. Kinu hicho hakikuiendesha. Kilibebwa ili mionzi yake ichunguzwe. Marubani walikaa ndani ya chumba kilichozungushiwa zaidi ya tani 10 za risasi na mpira. Wasovieti nao walirusha ndege yenye kinu mwaka 1961. Mwaka huohuo Rais Kennedy aliufuta mradi wa Marekani, baada ya miaka 15 na takriban dola bilioni moja.

Kikwazo kikubwa kilikuwa kinga. Ikiwa nzito vya kutosha kumlinda binadamu, ndege ililemewa. Ikipunguzwa, rubani aliumia. Walikuwapo hata waliopendekeza watumike marubani wenye umri mkubwa, waliokwisha kupata watoto. Pendekezo hilo litutishe, kwani liliacha kutafuta kinga ya mtu, likaanza kutafuta mtu asiyehitaji kukingwa. Mtu huyo hayupo.

Hospitali hairuki. Hilo ndilo jibu langu kwa mgonjwa anayekataa tiba ya mionzi kwa kuwa amesikia habari za mabomu na vinu vilivyolipuka. Chumba cha tiba hiyo kinaweza kujengewa kuta nene za zege, kwa sababu ardhi ndiyo inayoubeba uzito wake. Mashine inayotibu saratani kutoka nje ya mwili haimwachi mgonjwa akiwa na mionzi ya kuwadhuru watoto wake nyumbani; hali kadhalika picha ya eksirei. Wanaopewa dawa zenye mionzi ndio wenye masharti yao, nao huelezwa. Uvimbe haungoji hofu ipungue. Anayechelewa kwa kuogopa mashine anaipa saratani muda ambao daktari hawezi kuurudisha.

Lakini hoja hii inatubana pia sisi watumishi. Ikiwa tunamwambia mgonjwa asiogope kwa sababu kinga ipo, basi kinga iwepo kweli. Sheria Na. 7 ya mwaka 2003 iliipa Tume ya Nguvu za Atomu Tanzania jukumu la kusimamia matumizi ya mionzi. Hata hivyo, mkaguzi hawezi kusimama mlangoni kila siku. Aproni ya risasi iliyoning'inia ukutani haimkingi mtu. Kipima mionzi kilichosahauliwa kwenye droo hakimpimi mtu. Mama asiyeulizwa kama ana ujauzito amenyimwa haki yake. Kanuni zenyewe ni tatu: punguza muda, weka kizuizi, ongeza umbali. Ukiuzidisha umbali mara mbili, mionzi inayokufikia hubaki robo.

Wahenga walisema kinga ni bora kuliko tiba. Katika mionzi, kinga ni sehemu ya tiba yenyewe. Ndugu mgonjwa, usiikimbie mashine, uliza umekingwaje. Nawe ndugu mtumishi, usichoshwe na swali hilo. Wenye ndege walikuwa na udhuru wa uzito. Sisi hatuna.