MGENI AJAYE NA JEMBE LAKE



Wahenga walisema mgeni siku ya tatu mpe jembe. Wako wageni wajao na majembe yao, nao ni vijana wa kujitolea wa Peace Corps ya Marekani, iliyoundwa kwa amri ya Rais Kennedy, Machi 1961. Makusudio yake ni matatu: kuzipatia nchi ziombazo watu wenye ujuzi; kuwafahamisha wenyeji habari za Wamarekani; na kuwafahamisha Wamarekani habari za wenyeji. Tazameni vyema: mawili kati ya hayo ni ya kujuana tu.

Hatuna ugomvi na kujuana. Lakini kijana hufundishwa lugha yapata miezi mitatu, kisha hutumikia miaka miwili. Na aanzapo kumtambua mtoto asiyefahamu somo kwa kumtazama macho tu, safari imewadia. Huja mwengine, naye huanza alifu.

Tanganyika iliwapokea mwaka 1961. Wakaondoka 1969, wakarudi 1979. Machi 2020, kwa maradhi ya korona, waliondoshwa duniani kote, karibu 7,000, katika nchi zaidi ya 60. Hatuwalaumu, aitwaye kwao hurudi. Twaziuliza serikali zilizowaomba: madarasa yale ya hisabati yalibaki na nani?

Basi twataka kila apokewapo mgeni wa namna hii, awekwe ubavuni pake mwalimu kijana mwenyeji, mwenye mshahara, aishike kazi ile tangu siku ya kwanza. Serikali isiyoweza kumlipa huyu isimwombe yule.