Kuondoa Shauri kwa Ruhusa ya Kulileta Tena

Wako watu wengi hapa Sumbawanga na Ufipa nzima wadhanio ya kuwa mtu aondoaye shauri lake mahakamani amekiri kushindwa. Kwa hiyo wengine hung'ang'ania shauri lenye kasoro, siku na fedha zikipotea; na wengine huliondoa kimya kimya wakaenda zao. Twaona njia zote mbili zina hasara. Kuvunjika kwa koleo si mwisho wa uhunzi, na sheria yenyewe yatoa njia ya tatu.

Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai ya mwaka 1966, katika Amri ya 23, yamruhusu mdai kuondoa shauri lake wakati wowote. Lakini aliondoaye bila ruhusa hawezi kudai tena jambo lile lile, na aweza kutozwa gharama. Mahakama ikiridhika ya kwamba shauri litaanguka kwa kasoro ya utaratibu, au kwa sababu nyingine ya kutosha, yaweza kumpa ruhusa ya kuliondoa na kulileta upya.

Mathalani, mkulima wa Laela adai shamba kwa halmashauri ya kijiji. Tangu marekebisho ya mwaka 2020, yampasa kwanza kutoa taarifa ya siku zisizopungua 90, kisha kumwunganisha Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Akiacha mojawapo, shauri limelemaa hata kama haki ni yake. Huyu na aombe ruhusa mapema.

Watasema wengine ya kuwa ruhusa hii yawapa wenye mali nafasi ya kuwasumbua maskini kwa mashauri yasiyokwisha. Hofu hiyo si ya bure. Lakini ruhusa haitolewi kwa kila aombaye, tena mahakama yaweza kuweka masharti, kama vile kumlipa mdaiwa gharama zake kwanza.

Mambo mawili yasisahauliwe. La kwanza, ruhusa iandikwe katika amri ya mahakama. Tangu mwaka 2021 Kiswahili ndiyo lugha ya mahakama zetu. Basi mdai asiondoke kabla ya kuisoma au kusomewa. La pili, muda hausimami. Shauri jipya huhesabiwa kana kwamba lile la kwanza halikuletwa kamwe. Na Sheria ya Ukomo wa Muda ya mwaka 1971 yatoa miaka 6 kwa madai ya mkataba na 12 kwa ya ardhi. Ruhusa yafungua mlango, wala haiongezi siku.

Sisi makarani twaletewa karatasi hizi na ndugu na jirani zetu kila mara. Yatupasa kuwauliza maswali mawili kabla ya yote: je, ruhusa imeandikwa? Na je, muda ungalipo?